Balozi wa Tandarua

Kabla sijaingia darasa la sita nilikuwa tayari mchoraji mkuu wa ramani za dunia nzima na balozi wa nchi yangu, na sijapata tena cheo kama kile. Kazi nimefanya nyingi baadaye, kazi zenye meza na kiti cha kuzunguka, lakini hakuna hata moja iliyoniamsha asubuhi nikicheka peke yangu kwa sababu kuna mto sijauchora na rais wa nchi jirani amenuna.

Dunia yenyewe ilikuwa nyuma ya nyumba yetu huko Malaba, katika miaka ya sabini, mwendo mfupi kutoka barabara ambayo malori yalipanga foleni kusubiri kuvuka kwenda Uganda. Baba alikuwa karani wa wakala mmoja wa kupitisha mizigo. Kwao ni upande wa Khunyangu, na alikuwa amenunua kipande cha shamba pale Malaba ili aache kuhamahama. Aliyemuuzia ni jirani yetu, mtu mrefu wa kabila la Wateso aliyefanya kazi ya kuunganisha mabehewa stesheni. Jirani huyo alikuwa na binti wa umri wangu, na kama kuna kitu nilikipenda kuliko ramani basi ni binti huyo. Kati ya boma lao na letu palikuwa na mstari wa mikonge, kama ilivyo kawaida ya mipaka ya mashamba kwetu, na katikati ya mstari huo pengo la kupitia watu na kuku.

Watoto wa sehemu nyingine hucheza baba na mama. Sisi watoto wa mpakani tulicheza forodha. Tangu tulipojua kutembea tulikuwa tumewaona watu wazima wakisimamishwa, wakihojiwa, wakifunguliwa mizigo na kugongewa mihuri, na tuliamini hakuna raha inayoshinda hiyo. Siku moja nikamwambia rafiki yangu, huyo binti wa jirani, kwamba haiwezekani kuwa na forodha bila nchi. Akakubali papo hapo. Yangu nikaiita Tandarua, neno nililolipenda kwa jinsi madereva walivyolitamka wakikimbilia kufunika mizigo kabla ya mvua. Yake akaiita Glisarini, kwa sababu glisarini ya kujipaka inanukia vizuri.

Sasa, mtu akishakuwa na nchi, lazima ajue inaishia wapi. Nikaanza kuchora. Karatasi zangu zilikuwa mifuko ya saruji niliyoipangusa vumbi, nikaipasua na kuilaza chini ya godoro mpaka ikanyooka. Mistari niliichora kwa mkaa, misitu nikaipaka kwa majani ya kunde niliyoyasugua, na bahari nikaipaka bluu ya kufulia ambayo mama aliiweka kwa ajili ya mashati meupe ya baba. Mama aliona bluu inapungua, akamlaumu baba kwa kuchafuka ovyo kazini. Bahari ilikuwa pipa la maji ya mvua. Banda la kuku lilikuwa nchi ya kisiwa ambayo serikali yake ilipinduliwa kila alipoletwa jogoo mpya. Choo cha shimo hakikutakiwa na upande wowote, wala chenyewe hakikutaka upande wowote, kwa hiyo nikakiandika kuwa nchi isiyofungamana. Neno hilo nililisikia redioni na nililitumia bila huruma.

Baba aliwahi kunipeleka Amagoro, kwenye ofisi moja ya serikali, nikaone ramani ya kweli ukutani. Niliizunguka kwa macho kutoka juu mpaka chini. Ilikuwa safi, lakini haikuwa na kuku hata mmoja, na nilirudi nyumbani nikimhurumia aliyeichora.

Ubalozi ulikuwa kazi ngumu zaidi. Balozi hakupita pengo la mikonge hivi hivi. Alivaa gagulo la mama mabegani, akasimama, akakohoa, akasema anatoka wapi. Kisha akagongewa muhuri mkononi. Muhuri wenyewe niliuchonga kwenye muhogo kwa kisu cha jikoni, wenye picha ya lori, ingawa watu wenye wivu walisema ni kobe. Baada ya hapo mwenyeji alilazimika kumkalisha na kumpa kitu cha kula kabla hajaeleza shida yake. Sheria hiyo rafiki yangu aliitoa kwa nyanya yake, aliyeshikilia kwamba mgeni mwenye njaa habari zake zote huwa mbaya. Ndipo balozi anaanza: "Nchi yangu inasalimu. Nchi yangu inauliza." Hakuruhusiwa kusema "mimi". Mkikosana, zilizokosana ni nchi, ninyi wawili mnaendelea kula njugu zenu kama kawaida.

Hapo karibu na pengo, juu ya mstari wenyewe wa mikonge, palikuwa na kichuguu kikubwa kuliko vyote vya mtaa ule. Kwetu kichuguu si udongo tu. Mvua ikinyesha kisha jua likawaka, hutoka kumbikumbi wenye mabawa, na hao ni chakula ambacho mtu mzima na heshima zake atakikimbilia na sufuria. Huliwa wabichi, hukaangwa kwa mafuta yao wenyewe, huanikwa wakawekwa. Kwa hiyo kichuguu kina mwenyewe, kama ng'ombe alivyo na mwenyewe, na baba humwachia mwanawe.

Kwenye ramani yetu kichuguu hicho kilikuwa mlima mrefu kuliko yote, na mwanzoni kilikuwa cha Glisarini. Lakini Glisarini haikuwa na bahari, ikawa inalalamika asubuhi na jioni. Tukakaa, tukafanya mkataba: wao wachukue pipa, sisi tuchukue mlima. Nikachora ramani mpya, mlima wote ukiwa Tandarua, nikaupigia mstari mweusi wa mkaa, na rafiki yangu akaugonga muhuri wa lori. Ilikuwa ramani yangu nzuri kuliko zote. Baba alipoiona alitafuta misumari, akaitundika sebuleni karibu na kalenda.

"Huyu mtoto atakuja kuwa saveya," aliwaambia wageni, hata wale waliokuja kuomba chumvi.

Jumapili moja jirani akaja kunywa chai, kama alivyozoea. Akasimama mbele ya ramani na kikombe mkononi, akainamisha shingo.

"Na hii ni nini?"

"Hiyo ni kichuguu," baba akasema.

"Iko upande gani?"

Baba alidhani wanataniana. "Si unaona mwenyewe? Ramani imesema iko kwangu." Akacheka. Jirani hakucheka.

"Karani, mimi nilikuuzia shamba. Kichuguu sikukuuzia. Hiyo ni ya baba yangu."

"Uliniuzia mpaka kwa mikonge. Na kichuguu iko kwa mikonge."

"Kwani ni mikonge inazaa kumbikumbi?"

Balaa ni kwamba kila mmoja alikuwa na haki yake. Kwa jirani, kichuguu hakiendi na shamba mpaka kitajwe kwa mdomo siku ya kuuziana, na hakikutajwa. Kwa baba, aliyezeeka na makaratasi ya mizigo, kilichoko ndani ya mpaka ni cha mwenye mpaka, isipokuwa mpaka wenyewe ulipita katikati ya kichuguu na hakuna aliyejua nusu ya kumbikumbi inahesabiwaje. Watu wazima wawili, wenye ndevu na kazi, walisimama sebuleni wakibishana juu ya mfuko wa saruji. Mimi niliyekuwa na mkataba halali nilijaribu kuwaeleza habari ya bahari, nikafukuzwa nje. Mpaka leo nasema sikuwa na kosa lolote. Ramani ilikuwa sahihi. Nyumba ya kuitundika ndiyo iliyokosewa.

Jirani akaacha chai yake, akaenda. Tangu siku hiyo hawakusalimiana. Wakikutana barabarani mmoja alitazama malori na mwingine alitazama reli.

Hayo ningeyavumilia. Lakini siku chache baadaye rafiki yangu alinifuata kwenye pengo, akanong'ona kwamba likizo ikiisha atapelekwa kwa shangazi yake aliyeolewa Sigalame, akasomee huko. Baba yake alisema hataki binti yake akue akigawa vitu vya ukoo na mtoto wa karani. Shangazi angekuja kumchukua Jumamosi ya mwisho kabla ya shule kufunguliwa. Sigalame ni kule Funyula, sikuwahi kufika, na katika ramani zangu zote haikuwepo. Nilikaa chini pale pale. Wasichana wa kucheza nao Malaba walikuwa wengi, sikuwataka. Nilimtaka huyu, mwenye miguu mirefu na nchi inayonukia vizuri, na sikuweza kuwaza kwamba nitatazama lile pengo nione kuku tu.

Tandarua ikaamua kutuma balozi.

Nilivaa gagulo, nikapita pengo, nikakohoa. Jirani alikuwa ametoka kazini, amekaa kwenye kigoda akiosha miguu. Mama yake mzazi alikuwa kando akimenya njugu.

"Unataka nini hapa?"

"Natoka Tandarua," nikasema, nikanyoosha mkono.

Rafiki yangu akatokea nyuma ya nyumba na muhogo wa muhuri, akanigonga bila kumtazama baba yake, akarudi alikotoka. Nyanya alicheka mpaka njugu zikamwagika. Kisha akamwambia mwanawe kwamba mgeni ameshagongwa, basi alishwe. Jirani hakuwa mtu wa kumbishia mama yake. Akaniletea kiazi kitamu cha kuchoma, nikala taratibu kama serikali inavyokula.

"Nchi yangu inasalimu," nikasema. "Nchi yangu inauliza, rais wa Glisarini atabaki hapa?"

Alinitazama muda mrefu, maji yakimchuruzika miguuni. Mtu huyu alikuwa ameapa kwamba neno lake halitaingia tena nyumbani kwa karani. Lakini aliyeulizwa sasa hakuwa yeye.

"Mwambie huyo Tandarua," akasema polepole, "Glisarini inasema mlima irudi kwanza."

Nilikimbia mpaka gagulo likapepea. Baba alikuwa anasoma gazeti la zamani. Nilimpa ujumbe wote, nikafumba macho nikingoja kofi.

"Glisarini inasema?"

"Ndiyo, baba."

Akavua miwani, akaipangusa. "Haya. Mwambie Tandarua haina shida na mlima. Shida ni vile Glisarini iliongea mbele ya chai ya Tandarua."

Hivyo ndivyo ilivyoanza, na sijapata kufurahi hivyo maishani. Likizo nzima nilipita lile pengo nikibeba maneno ya wanaume wawili wasiosemezana. Glisarini ililalamika kwamba redio ya Tandarua inapiga kelele. Tandarua ikajibu kwamba ile ni habari, si kelele. Glisarini ikauliza, basi habari zilisemaje? Tandarua ikalalamika kwamba mbuzi wa Glisarini ameingia kwenye maharagwe bila karatasi. Glisarini ikajibu kwamba mbuzi huyo ni balozi na haguswi. Baba alicheka hilo akiwa chumbani, akidhani simsikii, na akatoka na uso mkavu kunipa jibu. Kila safari nililishwa, nikawa siwezi tena kula cha jioni, na mama akaanza kunipa dawa ya minyoo. Yeye na mama wa rafiki yangu hawakuwahi kugombana hata siku moja. Walipitishiana chumvi na mafuta ya taa juu ya mikonge kama kawaida, wakisema serikali zote mbili zina wazimu.

Lakini kuhusu lile nililotumwa kuuliza, sikupewa jibu. Kila nilipotaja rais, Glisarini ilitaja mlima, na nilipotaja mlima Tandarua ilitaja chai. Rafiki yangu alinunuliwa sanduku la bati. Hakulia.

Jumamosi hiyo ya mwisho mvua ilinyesha asubuhi yote. Mchana ikakatika ghafla, jua likatoka na ardhi ikaanza kufuka mvuke, na kila mtu mtaani akajua kumbikumbi wako tayari. Baba alitoka mlango wa nyuma na blanketi na vijiti. Jirani alitoka kwake na blanketi na vijiti. Walifika kichuguuni pamoja, wasitazamane, kila mmoja akafunika upande wake na kuchimba kishimo chake cha kuwanasia.

Kumbikumbi wa namna hiyo huitwa kwa ngoma. Unalaza mti mkavu chini, unaupiga kwa vijiti viwili, haraka na kwa wepesi, nao kule ndani wanadhani ni mvua, wanapanda kufuata mwanga. Jirani alikuwa fundi. Vijiti vyake vilinyesha kweli. Baba alikuwa hajafanya kazi hiyo tangu utotoni Khunyangu, naye alipiga kwa nguvu zote. Zikawa mvua mbili zinazogombana. Kumbikumbi wa kwanza walitoa vichwa, wakasikiliza, wakarudi ndani.

"Mwambie Tandarua inyamaze," jirani akasema.

"Glisarini inasema mnyamaze," nikamwambia baba.

"Mwambie Tandarua ndiyo ilianza kupiga, Glisarini ndiyo inyamaze."

Nilizunguka kichuguu huku na huku mpaka gagulo likanianguka na sikuliokota. Nilikuwa nacheka na kuhema, na katikati ya kicheko nilimwona rafiki yangu amekaa karibu na pipa, amevaa gauni la safari, sanduku liko miguuni. Kicheko kikanikauka. Nikasimama tu, ujumbe niliokuwa nimebeba ukanipotea.

Bila balozi, maneno hayakuwa na njia ya kupita. Jirani akaweka vijiti chini. Akamtazama baba usoni.

"Karani, hiyo si ngoma. Unapiga kama mtu anapiga taipu."

Baba akatazama mikono yake. Ni kweli, alikuwa anatumia vidole vyote. Bega lake likaanza kutikisika, akacheka kicheko cha tumboni ambacho hatukuwa tumekisikia nyumbani tangu Jumapili ile ya chai.

"Miaka yote nimepiga taipu," akasema. "Sasa nitapiga nini ingine?"

"Lete hapa hiyo mkono."

Jirani alipiga goti nyuma yake, akamshika viganja kama anavyofundishwa mtoto kuandika. "Sikia. Hii ni mvua. Mvua haina bosi." Wakapiga pamoja, taratibu kwanza, kisha haraka. Nyanya akaja na mkongojo wake, akawaambia wafanye mablanketi mawili yawe hema moja, wafukie kishimo kimoja. Hakusema wafukie cha nani, nao katika haraka ile wakafukia kilichokuwa karibu.

Na kumbikumbi wakatoka. Walitoka askari kwanza, wenye vichwa vikubwa, kisha wenye mabawa, wachache, kisha kwa fujo, wakamwagika kama mtama unaomiminwa kutoka gunia. Watu walipiga mayowe. Mama alileta karai, mama wa rafiki yangu akaleta beseni, kuku wote wa kisiwani walituvamia, na mbuzi balozi akakanyaga blanketi. Baba alikula wabichi kwa kiganja, mabawa yakamnasa kwenye miwani. Alijaza beseni la jirani, jirani akajaza karai letu, na hakuna aliyeuliza tena kichuguu ni cha nani. Hata leo sijui.

Shangazi wa Sigalame akatukuta hivyo. Alisimama kwenye pengo la mikonge, mkoba begani, viatu vimejaa matope ya njiani.

"Mimi nimekuja kuchukua mtoto," akasema. "Gari inarudi saa hii."

Ngoma ikanyamaza. Rafiki yangu akainuka, akanyoosha gauni, akashika sanduku. Hakumbembeleza mtu. Jirani alimtazama binti yake, akamtazama dada yake aliyemwita mwenyewe kutoka mbali, na nikaona amekwama: mwanamume mzima, bawa moja limemganda kidevuni, neno lake limeshasafiri mpaka Sigalame na kurudi.

Akatafuna, akameza.

"Dada, huyu si mtoto tu," akasema. "Huyu ni rais wa Glisarini. Hawezi kutoka kama nchi ya jirani haijakubali."

Shangazi alitutazama mmoja mmoja, akitafuta chungu cha pombe. Jirani akamgeukia baba.

"Tandarua inasema nini?"

Baba hakuwa mtu wa kujibu upesi. Kazini alijulikana kwa kusoma karatasi mpaka mwisho, pande zote mbili, kabla hajafungua mdomo. Sasa alisimama pale, shati limetoka nje ya suruali, vijiti viwili mkononi, na hakunitazama mimi wala hakunituma popote.

"Tandarua inakataa," akasema. "Inakataa kabisa."

Rafiki yangu aliliachia sanduku likaanguka kwa kishindo. Mimi nilikaa chini matopeni, kati ya kuku na mabawa, nikalia kwa sauti kubwa mbele ya serikali zote mbili.